Niliyoyasema Bila Sauti

Kaka yangu Reinhold Zabel ni fundi cherehani, na hasikii. Alizaliwa mzima. Homa nyekundu ilimpata akiwa na miaka sita, mimi nikiwa na minne, na ilipomwachia ilikuwa imeondoka na masikio yote mawili. Mimi haikunigusa. Mama hakunilaumu kwa hilo hata siku moja, lakini tangu hapo alinitazama kama mtu aliyepewa mali ya mwenzake aitunze.

Shule aliyopelekwa ilikuwa na sheria moja kubwa: mikono juu ya meza. Mtoto akionekana anazungumza kwa vidole, alichapwa kwenye vidole hivyo hivyo. Walimu walitaka watoto watamke kwa mdomo na wasome midomo ya watu, ili wafanane na wengine. Kwa hiyo kila jioni baada ya kula Mama alituweka dirishani, magoti yetu yakigusana, uso wangu ukielekea kwenye mwanga. Alinipa gazeti nimsomee Reinhold bila kutoa sauti. Nikiyameza maneno, alinipiga kijiko mkononi.

"Fungua mdomo, Alwin! Unatafuna au unasema?"

Nilisoma bei za viazi, ajali za magari ya farasi, matangazo ya sabuni, chochote kilichoandikwa. Miaka minane. Ndiyo maana mpaka leo nina mdomo wa ajabu. Hata nikisema jambo dogo, midomo yangu inaliumba neno zima, mwanzo mpaka mwisho, na watu kazini walikuwa wakiniiga na kucheka. Nilizoea kusema kidogo.

Reinhold ndiye aliyesimama vizuri katika maisha. Nilipomaliza shule ya msingi nikawa mtunza ghala kwenye kiwanda cha kofia. Yeye alijifunza ushonaji, akapata chumba chake cha kazi kwenye ua wa nyuma, hapa hapa mtaani kwetu Neukölln, na wateja walimfuata kwa sababu mkono wake ulikuwa safi, na pia, nadhani, kwa sababu mtu hupumzika kwa fundi asiyepiga domo. Alikaa kwetu. Mimi na mke wangu Meta hatukujaliwa mtoto, kwa hiyo tulikuwa watatu mezani, na Meta alimpenda shemeji yake kuliko alivyowapenda ndugu zake wa damu.

Kila Jumamosi mchana Reinhold alikwenda sinema, ambazo siku zile hazikuwa na sauti, na watu wa klabu yao, viziwi watupu, kumi na wawili hivi. Walikaa safu moja. Akirudi alitusimulia, kwa ile sauti yake isiyopanda wala kushuka, mambo aliyoyasoma kwenye midomo ya waigizaji, ambayo sisi tusingeyajua kamwe.

"Leo malkia amekufa," alisema siku moja, huku akivua koti. "Kadi ya maneno pale ukutani iliandikwa, nakusamehe mpenzi wangu. Lakini yeye mwenyewe alisema, haraka bwana, viatu vinaniua."

Meta alicheka mpaka akashika meza. "Na yule jenerali, shemeji? Yule wa wiki iliyopita?"

"Jenerali alikuwa anaagiza soseji."

Nayaeleza haya ili isije ikadhaniwa kwamba sikujua. Nilijua vizuri sana kwamba kuna watu wanaosikia sinema.

Majira ya baridi kiwanda cha kofia kilifungwa. Mwenzangu mmoja wa ghalani akaniambia kuna mkahawa ambako watu wa filamu wanakuja asubuhi kuchukua watu wa kujaza picha: wapita njia, walevi, wageni wa harusi, wafu wa vitani. Nilikwenda, nikasimama ukutani. Mtu mwenye daftari alipita akituuliza swali moja tu.

"Una koti la mkia la kwako?"

Hilo ndilo lililowagawa watu pale. Aliyekuwa na koti lake jeusi la mkia, lile la karamu lililogawanyika nyuma, aliketishwa meza za mbele, karibu na shampeni, akalipwa karibu mara mbili. Asiye nalo alivishwa vazi la ghala lao lenye jasho la wenzake, akawa mpita njia nyuma ya kioo. Nilisema sina. Yule bwana akapita.

Nilipomweleza Reinhold, alifungua kabati lake la kazi. Alitoa kitambaa cheusi kizuri cha mteja aliyefariki kabla ya kipimo cha pili, ambacho mjane hakukitaka tena. Alishona jioni tisa, baada ya kazi yake ya kawaida. Jioni ya mwisho alinisimamisha juu ya meza ya kukatia, yeye chaki mkononi.

"Simama vizuri," alisema. "Unasimama kama mtu anayesubiri kupigwa."

"Ndivyo ninavyosimama."

"Basi koti litakusimamia."

Na kweli lilinisimamia. Ilikuwa mara ya kwanza katika maisha yangu mtu aliponipisha mlangoni.

Ile picha ilikuwa ya usiku wa mjini. Mambo yake ni haya: mwuza dawa mmoja anatoka nyumbani jioni kwenda kumletea mkewe dawa ya kikohozi aliyoisahau dukani. Anapita kwenye barabara ya taa. Mwanamke anamwangalia, mlango wa kioo unazunguka unammeza, na mpaka alfajiri amecheza karata, amelewa, amepigwa, amekimbizwa na polisi. Chupa ya dawa iko mfukoni muda wote.

Barabara yenyewe ilijengwa ndani ya jumba kubwa kuliko kanisa lolote. Maduka yalikuwa ya mbao, ghorofa za juu zilichorwa tu. Kila nusu saa watu walimwagia lami maji kwa mpira ili taa zing'ae chini. Usiku ulianza saa nne asubuhi, baada ya chai. Mimi ambaye saa tatu za usiku wa kweli huwa nimelala, nilikaa humo kwenye kilabu cha starehe siku sita, nikinywa maji ya tufaha yenye mapovu. Tulipakwa uso rangi ya manjano, na midomo rangi nyeusi nyeusi, kwa sababu, walisema, bila hivyo mdomo hauonekani kwenye picha. Taa zilizomea kama paka na kuwasha macho. Pembeni kulikuwa na mpiga piano na mpiga fidla ambao hakuna atakayewasikia. Kazi yao ilikuwa kututia wazimu kidogo.

Pamoja nami meza ya tatu aliketishwa mama mmoja aliyeitwa Wally, mjane wa fundi bomba. Alikuwa na gauni la shanga la kukodi na jino lililomuuma. Kati ya picha na picha aliliweka shavu kwenye ndoo ya barafu ya shampeni.

Siku ya nne msaidizi wa mwongozaji alisimama mbele yetu na bomba lake la bati la kupaazia sauti. Alikuwa kijana, lakini alitusemesha kama watoto wake.

"Meza ya tatu! Huyu bwana ni maiti? Nani ameniletea maiti kwenye kilabu changu?"

Kilabu kizima kikacheka. Nilihisi masikio yakiwaka chini ya rangi.

"Mchekeshe bibi! Acheke mpaka shanga zicheze! Hujui? Basi nenda nje ukawe mpita njia, na koti lako zuri."

Wally akanigusa mkono chini ya meza. "Sema chochote tu, baba. Sema hata sala. Nani anasikia humu?"

Piano ikaanza. Nilitafuta kichwani kitu cha kuchekesha. Mtu mwenye haya hana ghala la vichekesho. Ana watu wa nyumbani kwake tu. Nikainama kwake, nikasema.

Nilisema: "Nyumbani nina kaka kiziwi. Anakunywa supu kama farasi kwenye hori, na hajui kwamba jengo zima linamsikia. Mimi na mke wangu tukitaka kumtukana, tunampa mgongo tu. Tunamaliza, tunageuka, tunatabasamu. Sasa amepata mwanamke klabuni kwao, anachana nywele saa nzima. Nani atamtaka? Labda kipofu!"

Wally akacheka. Alicheka kweli, akasahau jino, akatupa kichwa nyuma. Meza ya pili wakageuka kusikiliza. Jambo hilo halikuwahi kunitokea, watu kugeuka wanisikilize mimi. Nikaongeza: "Nimekuwa sikio lake miaka arobaini. Siku akifa, nitalala usingizi."

"Hiyo! Hiyo hiyo!" alipiga kelele msaidizi. Mwongozaji mwenyewe akaja, akatuangalia mimi na Wally kama mtu anayechagua samaki, akaamuru kamera iletwe.

"Rudia," aliniambia. "Ulichosema, kile kile. Anacheka vizuri."

Nikarudia. Kamera ilikuwa hatua kama nane kutoka kwangu. Wakaisogeza tena kwenye kigari chake, mpaka nikauona uso wangu mdogo ndani ya kioo chake.

"Mara ya mwisho. Sasa nakutaka wewe, bwana. Una mdomo mzuri. Unaonekana hata kwa mtu wa mwisho kule nyuma."

Ningekuwa mwongo nikisema kwamba sikukumbuka. Nilikumbuka. Ilikuwa katikati ya maneno ya supu. Nilimwona Reinhold amekaa dirishani, magoti yake yakigusa yangu. Ningeweza kubadilisha hapo hapo. Ningeweza kusema bei za viazi. Lakini Wally alikuwa ameshaanza kucheka, na wale wa meza ya pili walikuwa wananingoja, na nilikuwa mtu wa koti. Nikamaliza yote, mpaka usingizi.

Jioni ile Meta alituuliza mezani ilikuwaje. Reinhold aliweka kijiko chini anisome.

"Koti lilipendwa?"

"Lilipendwa sana," nilisema. "Walinisogezea kamera."

Alitabasamu kama mtu aliyevishwa nishani.

Picha ilitengenezwa miezi saba. Katika miezi hiyo nilijiambia mambo mengi. Nilijiambia wanakata vipande vingi kuliko wanavyobakiza. Nilijiambia Wally ndiye aliyetakiwa, mimi ni mkono na kisogo. Mara mbili nilimfuata Reinhold kwenye ngazi, nikamgusa bega ageuke, niseme. Akigeuka, macho yake yakitua kwenye mdomo wangu kwa ile subira yake, nilisema jambo lingine. Nilimwuliza kama amefunga dirisha. Mara ya pili nilimwambia hivi:

"Kile kipande changu, kaka, wamekikata. Nimesikia. Usihangaike kwenda."

Alisikitika kwa ajili yangu. Alinishika shingo kidogo, akaendelea kupanda.

Mwezi wa kumi alirudi mbio kutoka kazini, kofia mkononi, na hajawahi kuwa mtu wa mbio.

"Hawajakata!" alisema, kwa sauti iliyotikisa vikombe. "Alwin! Uko kwenye kioo cha matangazo cha sinema, pale kona. Picha kubwa! Wewe na mama wa shanga. Mabega, Meta! Nenda ukaone mabega!"

Alikuwa ameshanunua viti kwa klabu nzima. Viti kumi na viwili, na vingine viwili vyetu.

"Mimi nina kichwa," nilisema. "Kinauma."

"Utakuja. Nimewaambia utakuja. Bi Kroll anataka kukuona."

Adelheid Kroll ndiye yule mwanamke wa klabuni. Alikuwa mshonaji wa matundu ya vifungo kwenye kiwanda cha mashati, mwembamba, mwenye macho ambayo hayakupitwa na kitu. Meta aliniambia jikoni kwamba Reinhold amenunua pete na anataka kumwuliza baada ya picha, watakapokwenda kunywa bia. "Anataka Bi Kroll akuone wewe kwanza na koti lake," alisema. "Anajivunia, maskini. Kuna nini? Mbona umekuwa mweupe?"

Hata hapo ningeweza kusema. Nilikuwa na usiku mzima na nusu siku.

Tulikaa safu ya sita. Reinhold katikati, Bi Kroll kulia kwake, mimi na Meta mwisho kabisa kwa sababu nilichelewa makusudi. Mpiga piano wa sinema akaanza. Usiku ule tuliokuwa tumeutengeneza kwa mbao na maji ukatokea ukutani, na ulikuwa mzuri, sikatai. Lami iling'aa kama ngozi ya nyoka, na mwuza dawa akapita na kivuli chake kirefu mbele yake. Watu waliguna. Mlango wa kioo ukamzungusha. Nilianza kuomba. Niliomba filamu ikatike, iungue. Iliungua mara nyingi tu siku zile.

Kikaja kilabu. Wacheza ngoma, karata, moshi. Kisha Wally anacheka, kisha mimi.

Uso wangu ulijaa ukuta mzima. Sijawahi kuwa mkubwa hivyo. Midomo myeusi, kila mmoja urefu wa benchi, ikafunguka, ikafumba, ikafunguka, na kila neno likatoka zima. Farasi. Hori. Tunampa mgongo. Walikuwa wamekata mwanzo na katikati kidogo, lakini mwisho waliuacha wote. Halafu ikaja kadi: MAISHA NI MAFUPI, MREMBO! Watu wenye masikio wakacheka kwa furaha. Meta naye alicheka, akanibana mkono. "Kumbe unaweza!" alininong'oneza.

Katika safu yetu hakuna aliyecheka. Wapo walioshika yote, na wapo walioshika nusu. Hao wa nusu walianza kuuliza, na kwenye ule mwanga wa ukutani niliona mikono ikinyanyuka, mmoja baada ya mwingine, ikiwaeleza. Mikono ile ile waliyochapwa utotoni. Jambo langu lilipita hivyo kutoka kiti hadi kiti mpaka likafika mwisho wa safu kule. Kisha vichwa vyote vikageuka. Havikunigeukia mimi. Vilimgeukia Reinhold.

Yeye aliangalia picha mpaka mwisho. Mwuza dawa alirudi nyumbani alfajiri, akaweka chupa mezani, mkewe akaanza kukohoa, taa zikawashwa.

Ukumbini Meta alimkimbilia. "Shemeji, umemwona? Umeona mabega?"

Reinhold alimtazama Meta kwa namna ambayo hakuielewa. Halafu akanitazama mimi, koti tu, ingawa sikuwa nimelivaa. Alitazama pale ambapo lingekuwa.

"Limekaa vizuri mabegani," alisema. Watu waliokuwa wanachukua kofia zao waligeuka, maana hakujua kupunguza sauti.

Aliondoka na wenzake. Hakurudi nyumbani.

Meta aliketi jikoni bila kuvua kofia mpaka nilipomwambia. Nilimwambia kila kitu, nikiangalia kitambaa cha meza.

"Mimi?" alisema. "Mimi nilimtukana lini kwa mgongo?"

"Hujawahi."

"Wewe je?"

"Mara mbili. Tatu."

"Sasa mimi uliniingiza kwa nini, Alwin?"

"Ilichekesha zaidi ukiwemo," nilisema.

Alivua kofia, akaiweka juu ya meza, akaivaa tena. "Nimelala na wewe miaka kumi na tisa," alisema. Akatoka kwenda kumtafuta shemeji yake, usiku ule ule, peke yake.

Alimkuta chumba cha kazi, amejitandikia nyuma ya mashine. Alizungumza naye saa nzima, na Reinhold alimwangalia mdomo na kumsadiki. Hilo Meta aliniambia, halafu hakuniambia kingine. Ile pete hakuitoa siku ile. Baada ya kusemwa vile mbele ya watu wake, alimwambia Meta, hakuwa na uso wa kumwuliza mwanamke kitu.

Nilikwenda kesho yake. Nilisimama mlangoni. Alijua nimeingia, maana ubao wa sakafu pale hutikisika na yeye huuhisi miguuni, lakini hakuinua macho kutoka kwenye kitambaa. Asipoinua macho, hakuna mtu duniani anayeweza kumwambia kitu. Nilipiga magoti karibu na mashine ili uso wangu uwe chini ya taa yake, kama ombaomba, nikasema nisamehe. Alifumba macho. Akaendelea kushona amefumba macho, mshono ukaenda sawa.

Wiki tatu nilikwenda kila jioni na ilikuwa hivyo. Jumapili ya nne Meta alimleta kula, kwa ajili yake, si yangu. Ilikuwa supu ya njegere. Reinhold aliinama juu ya sahani, akainua kijiko polepole, akakifungia mdomo, akameza. Hakukutoka sauti yoyote. Aliangalia uso wa Meta baada ya kila kijiko ajue kama kimesikika. Alikula nusu sahani hivyo, jasho likimtoka kwenye paji la uso, akasema ameshiba. Meta aliinuka akaenda chumbani.

Jumatatu nilikwenda tena kwake. Bi Kroll alikuwepo, akishona matundu ya vifungo kwenye kizibao cha mteja. Yeye aliinua macho.

"Ulisema, nani atamtaka," aliniambia. Sauti yake ilikuwa nyembamba, ya kukwaruza, na kila neno lilimgharimu. "Hukuniuliza. Ulisema, kipofu. Mimi si kipofu, Bwana Zabel. Nimemwambia nataka pete yangu. Anaona haya. Hiyo haya ni ya kwako, amebeba yeye. Ichukue."

"Nimekuja kuichukua," nilisema. "Hanitazami."

Bi Kroll alimgusa Reinhold mkono, wakazungumza kwa vidole, haraka, na mimi sikuelewa hata kimoja. Miaka arobaini nilikuwa sikio lake na sikuwahi kujifunza vidole vyake. Halafu Reinhold akachana karatasi ya kukatia ruwaza za nguo, akaisukuma mbele yangu pamoja na kalamu ya risasi.

"Andika," alisema, macho kwenye kitambaa. "Ulichosema. Chote."

Niliandika nimesimama. Mkono wangu si wa kuandika. Niliacha shule na miaka kumi na minne, na maghalani mtu huandika namba tu. Niliandika ya farasi. Niliandika ya mgongo, na kwamba Meta hakuwemo, ulikuwa uongo wangu. Niliandika ya kipofu, Bi Kroll akiwa amesimama pale. Nikaandika chini, nisamehe, nikampa.

Alisoma. Alisoma polepole kama anayekagua mshono wa mwanafunzi. Akachukua kalamu, akakata neno nisamehe kwa mstari, na mahali pake akaandika kwa mwandiko wake mzuri kile nilichokiacha: Siku akifa, nitalala usingizi. Akarudisha karatasi kwangu.

"Ni hivyo?" aliuliza.

Aliinua macho. Ilikuwa mara ya kwanza tangu sinema. Aliyatua kwenye mdomo wangu, akangoja, na Bi Kroll naye akangoja.

"Ni hivyo," nilisema. "Mara tatu. Mara ya tatu nilikukumbuka, nikasema hata hivyo."

Hilo hakuwa analijua. Niliona likiingia. Kidole chake kilizunguka ukingo wa meza, na nilidhani atanifukuza na hatanitazama tena mpaka kufa kwetu. Nikabaki nimesimama uso wangu ukiwa kwenye mwanga.

"Hilo huko ukutani halikuonekana," alisema mwishowe.

"Halikuonekana."

"Ungeweza kukaa nalo."

"Ningeweza."

Alimgeukia Bi Kroll, akamwambia kwa mdomo, makusudi, nami nisikie: "Arusi ni mwezi wa pili. Huyu atakaa safu ya nyuma." Halafu akavuta kizibao kile mikononi mwake, akatafuta sindano.

"Na nyumbani?" niliuliza. "Utarudi?"

"Hapana," alisema. "Nenda sasa, Alwin. Mtu anakuja saa kumi na mbili kuchukua kizibao chake."